Maswali 80 yaliyofikishwa Mahakama ya Juu

Kesi ilianza mwaka 1970 jijini Washington, mji mkuu wa Marekani. Maafisa wa polisi Weusi walikwenda mahakamani wakilalamikia namna vyeo vilivyokuwa vikigawiwa. Baadaye wakaungana nao waombaji kazi Weusi walioangushwa na karatasi iliyoitwa Mtihani wa 21, na hoja yao ndiyo iliyoibeba kesi hadi Mahakama ya Juu.

Mtihani huo ulikuwa na maswali 80 ya msamiati, kusoma na kufahamu Kiingereza. Alama ya kufaulu ilikuwa 40. Haukutungwa kwa ajili ya polisi: uliandaliwa na Tume ya Utumishi wa Umma ya serikali kuu na ulitumika kuajiri watumishi wa kila aina. Kati ya 1968 na 1971, asilimia 57 ya waombaji Weusi walifeli, dhidi ya asilimia 13 ya Wazungu.

Mwaka 1971, katika kesi ya Griggs dhidi ya kampuni ya umeme ya Duke, Mahakama ya Juu ilikuwa imeamua kwamba mtihani unaowaengua Weusi kwa wingi ni haramu kama mwajiri hawezi kuonyesha uhusiano wake na kazi. Lakini sheria ya ajira iliyotumika hapo haikuanza kuzibana serikali na idara zake hadi 1972. Hivyo walalamikaji wa Washington waliegemea Katiba.

Utetezi wa serikali unastahili kutazamwa kwa karibu. Ulisema anayefanya vizuri Mtihani wa 21 hufanya vizuri pia kwenye mitihani ya chuo cha polisi. Yaani karatasi moja ilitolewa ushahidi na karatasi nyingine! Kama kuna aliyekuwa askari hodari mtaani kwa sababu ya msamiati ule, hilo halikuthibitishwa. Tena chuoni hapakuwa na aliyetimuliwa kwa kufeli mtihani wa mwisho. Aliyeshindwa alisaidiwa mpaka akafaulu. Sasa mtihani wa kuingilia ulikuwa unamzuia nani asiharibu nini?

Mahakama ya Rufaa iliona hivyo mwaka 1975, ikawapa walalamikaji ushindi. Juni 1976 Mahakama ya Juu ikautengua kwa kura saba dhidi ya mbili. Jaji Byron White aliandika kwamba Katiba haivunjwi na matokeo pekee. Lazima ithibitishwe kuwa kulikuwa na nia ya kubagua. Alizingatia pia juhudi za idara ya polisi za kuajiri Weusi. Majaji William Brennan na Thurgood Marshall walipinga.

Naamini Brennan na Marshall ndio waliokuwa sahihi. Nia ya mtunga mtihani ni vigumu kuishika, ilhali swali lenyewe liko wazi mbele ya kila mtu: aliyekosa jibu hili atashindwa kazi gani?

Walalamikaji waliofuata katika kesi nyingine walisimama kwenye sheria ya ajira, ambako swali hilo bado lina nguvu. Mwaka 2009 Jaji Nicholas Garaufis aliamua kwamba jiji la New York halikuweza kuhalalisha mitihani ya 1999 na 2002 ya kuajiri wazima moto, iliyowaengua Weusi na Walatino kwa wingi. Mwaka 2014 jiji likakubali kulipa takriban dola milioni 98. Baadhi ya walioangushwa waliingia kikosini hatimaye, zaidi ya miaka kumi tangu wafanye mtihani.