Mpaka wa Gisenyi na Mashindano ya Dola Tatu

Mji wa Gisenyi umekaa ukingoni mwa Ziwa Kivu, na mwendo mfupi wa miguu magharibi yake ni Goma ya Kongo. Yafaa vijana wajue ya kwamba mpaka unaoitenga miji hiyo ulizaliwa na ushindani wa Wazungu.

Katika mwaka wa 1885 Mfalme Leopold wa Pili wa Ubelgiji alitangaza mipaka ya Dola ya Kongo, hali hapana Mzungu aliyekuwa amekwisha kuliona Ziwa Kivu. Mjerumani von Götzen alifika huko mwaka 1894, akaonana na Mfalme Kigeli Rwabugiri. Ndipo ikadhihirika kuwa mstari ule uliikata nchi ya Rwanda. Wajerumani wakaukataa. Waingereza nao, kwa mapatano ya 1890, wakadai mlima Mfumbiro.

Mwezi wa Juni 1909 kikosi cha Waingereza kilitoka Uganda kikapiga kambi karibu na milima hiyo, kikakabiliwa na askari wa Wabelgiji chini ya Olsen. Vita havikuzuka, lakini hofu ilikuwa kubwa. Hatimaye wajumbe wa dola tatu walikutana Brussels, na mwezi wa Mei 1910 wakakata shauri: kisiwa cha Idjwi kiwe cha Kongo, Bufumbira iwe ya Uganda, Gisenyi ibaki kwa Wajerumani. Mfalme Yuhi Musinga, ambaye baba yake ndiye aliyekiteka Idjwi, hakuulizwa neno. Wasemao Kinyarwanda wakajikuta chini ya serikali tatu.

Mwezi wa Septemba 1914 Wajerumani walikitwaa Idjwi. Mwaka 1916 Wabelgiji wakavuka, wakaitwaa Gisenyi na Rwanda yote. Bendera zikabadilika, mpaka ukabaki.

Katika misafara ya Wajerumani walikuwamo askari, makarani, wapagazi na wachuuzi Waislamu kutoka pwani na bara ya Tanganyika, nao walikuja na Kiswahili. Wabelgiji hawakuwapenda sana. Waliwatenga katika mitaa yao, ikaitwa kambi za Waswahili. Walakini biashara haikujali mitaa wala mpaka. Mchuuzi wa Gisenyi na mnunuzi wa Goma, ambao serikali ziliwatenga, walipatana bei kwa Kiswahili, na hata leo lugha hiyo yasikika katika masoko ya pande zote mbili.