Tarehe ya Bilauri na Saa za Mvita

Katika hadithi na filamu za siku hizi kuna jiwe mashuhuri, bilauri adimu ambayo anayeishika husimamisha muda au huurudisha nyuma. Jiwe hilo ni la kubuni, lakini lina ndugu yake wa kweli, na habari zake haziko mbali na Mombasa, yaani Mvita. Mwenyeji wa Mji wa Kale anayeomba bilauri ya maji hulitaja jiwe hilo la kweli bila kukusudia, kwa kuwa neno lenyewe ni la Kiarabu na asili yake ni jiwe gumu, angavu kama maji, ambalo wajuzi wa miamba huliita kwatsi. Jiwe hilohilo ndilo linalopiga mapigo ndani ya saa nyingi za mkono. Basi ni haki kuuliza kama bilauri imewahi kuubadili muda wa mji huu. Tarehe yajibu kuwa muda wa Mombasa umebadilishwa, tena zaidi ya mara moja, ila aliyeubadilisha ni mtu mwenye mamlaka. Jiwe lilikuja baadaye, likawa karani wake.

Tuanze na safari ya jiwe. Al-Biruni, mwanachuoni wa karne ya 11, aliandika kwamba bilauri ilipelekwa Basra kutoka visiwa vya Zanj, na Zanj ndilo jina ambalo Waarabu waliipa pwani yetu. Huko Dembeni, katika kisiwa cha Mayotte, wachimbaji wa mambo ya kale wamefukua vipande vya bilauri ya Madagaska katika mji uliostawi kati ya karne ya 9 na ya 12. Zama zizo hizo mafundi wa Misri ya Wafatimi walikuwa wakichonga birika kutokana na pande moja la bilauri. Mojawapo, yenye jina la Khalifa al-Aziz aliyetawala kuanzia 975 hadi 996, imo katika hazina ya kanisa la San Marco, Venice. Bei ya jiwe ilikuwa katika uangavu wake. Kupima muda kulikuwa na vyombo vingine: kivuli, mwezi mwandamo, na pepo za kaskazi na kusi zilizopanga safari za majahazi.

Vyombo hivyo vilizaa hesabu iliyo timamu. Siku ya mwenyeji huanza jua linapotua, ndiyo maana usiku wa Ijumaa ni ule unaofuata mchana wa Alhamisi. Saa moja ya asubuhi ni saa ya kwanza baada ya macheo, na hesabu hii haikwami kwa sababu Mombasa iko digrii nne tu kusini mwa ikweta, hata tofauti ya mchana mrefu na mchana mfupi wa mwaka haizidi nusu saa. Mageuzi yalikuja na karatasi. Neno kibarua lilikuwa barua ndogo, cheti cha kazi ya kutwa, kabla ya kuwa jina la mtu anayeifanya. Reli iliyoanza kujengwa kutoka kisiwani mwaka 1896 ilidai ratiba moja kutoka pwani hadi ziwani. Kisha serikali ya kikoloni ikaanza kuzisogeza saa zenyewe. Tangu 1908 saa za Kenya zilitangulia za Greenwich kwa saa mbili na nusu. Mwaka 1928 zikasogezwa ziwe tatu, 1930 zikarudishwa mbili na nusu, mwisho wa 1936 zikawa mbili na dakika 45, na 1942 zikarudi tatu, zikabaki hapo. Kila mara watu walilala na saa moja wakaamka na nyingine, kwa saini tu.

Atakayepinga atasema kwamba bilauri ndiyo iliyoleta mapinduzi ya kweli. Hoja yake ina uzito. Mwaka 1880 ndugu wawili, Jacques na Pierre Curie, waligundua kwamba fuwele za namna hii zikikandamizwa hutoa umeme, na baadaye ikathibitika kuwa zikitiwa umeme hutikisika. Mwaka 1927 Warren Marrison akatengeneza saa ya kwanza ya kwatsi huko Marekani, na Desemba 1969 Seiko ya Japani ikauza ya kwanza ya mkono. Katika saa za leo kijiwe hutikisika mara 32,768 kwa sekunde, na mtambo huigawa idadi hiyo kwa mbili mara kumi na tano hadi libaki pigo moja. Saa ya kutiwa ufunguo hupotea kwa sekunde kadhaa kila siku. Ya kwatsi huenda mwezi mzima ikakosea sekunde kumi na tano hivi. Fundi saa alipungukiwa na kazi, na mnyonge akapata saa sahihi kwa bei ndogo. Hata hivyo, usahihi huo ni wa kuhesabu hatua. Pa kuanzia hesabu, jiwe halipajui.

Atarudi aseme kwamba hata misikiti sasa hutegemea saa za umeme. Ni kweli, lakini saa hizo hupangwa kulifuata jua, na hapo ndipo ushahidi ulipo wazi zaidi. Saa rasmi ya Kenya ni ya mstari wa digrii 45 mashariki, unaopita karibu na Mogadishu. Mombasa iko magharibi yake, kwenye digrii 39 na dakika 40, hivyo jua lake huchelewa dakika 21 kwa wastani. Kwa mwaka mzima jua la kisiwa hiki hupinduka kati ya dakika tano na dakika 35 baada ya saa sita. Bilauri ikigonga saa sita kamili haidanganyi. Imetii amri ya 1942. Lakini hakuna siku ambayo muadhini wa Msikiti wa Mandhry, hapo Mji wa Kale, huinuka kuadhini adhuhuri kwa pigo hilo.