Amri ya Ulinzi (Kenya)

Amri ya ulinzi ni agizo la mahakama linalomkataza mtu kumdhuru, kumtisha au kumwandama jamaa yake. Nchini Kenya inatolewa chini ya Sheria ya Ulinzi Dhidi ya Ukatili wa Nyumbani ya mwaka 2015. Inawahusu wanandoa, walioachana, wachumba, wazazi wa mtoto mmoja na hata ndugu. Ukatili wenyewe umepewa maana pana: kipigo, kubakwa na mwenzi, kunyimwa matumizi, mjane kurithiwa kwa nguvu, na pia wakwe kuingilia ndoa. 

Hatari ikiwa karibu, hakimu aweza kutoa amri ya muda bila kumsubiri mlalamikiwa. Polisi nao hawana ruhusa ya kumrudisha mlalamikaji kwa kisingizio kwamba hayo ni mambo ya nyumbani. Wanapaswa kumweleza haki zake na kumsaidia kupata matibabu na mahali salama. Mlalamikaji aweza kuomba ahojiwe na afisa wa jinsia yake. Kukiuka amri ni kosa la jinai, na adhabu yake yaweza kuwa kifungo.