Buibui wa Maji na Jina la Nduguye

Mwaka 1956 mtaalamu mmoja wa Kiingereza, Eric Duffey, aliokota buibui katika kinamasi kiitwacho Redgrave na Lopham, kule mashariki ya Uingereza, mpakani mwa Norfolk na Suffolk, pale mto Waveney unapoanzia. Alikuwa buibui mkubwa wa kahawia, ana mstari wa rangi ya maziwa kila ubavu, na anaishi ukingoni mwa maji. Hakuna la ajabu hapo. Waingereza walikwishamjua buibui wa namna hiyo tangu zamani na jina walikuwa nalo: Dolomedes fimbriatus. Wangemwandika hivyo daftarini, mambo yakaisha. Lakini Duffey alimtazama huyu kwa hadubini, akaona siye. Alikuwa Dolomedes plantarius, ambaye hakuna mtu aliyewahi kusema kwamba yupo Uingereza. Mwaka 1958 akatangaza habari hiyo kwa maandishi.

Sasa sikiliza kinachonitia uchungu. Tofauti ya buibui hawa wawili haikugunduliwa na Duffey. Ilikwishaandikwa mwaka 1757, miaka 199 kabla yake, na Mswidi aitwaye Carl Clerck. Na huyu Clerck hakuwa profesa. Alikuwa afisa wa kodi mjini Stockholm! Mchana anahesabu fedha za mfalme, muda wake mwingine anakimbizana na buibui. Kitabu chake kuhusu buibui wa Uswidi kilichapishwa kwa lugha mbili ubavu kwa ubavu, Kiswidi na Kilatini, wakati ambapo msomi aliyejiheshimu alitosheka na Kilatini peke yake. Ndani yake mna fimbriatus, na mna plantarius, kila mmoja na jina lake. Leo sheria ya majina ya wanyama inahesabu kuanzia mwaka 1758, kitabu cha Linnaeus. Kilichotangulia hapo hakitambuliki. Kuna kitabu kimoja tu kilichosamehewa, nacho ni hicho cha afisa wa kodi. Jina la pamoja, Dolomedes, lilikuja baadaye, mwaka 1804, kutoka kwa Mfaransa Latreille. Ni Kigiriki, maana yake mwenye hila.

Basi maarifa yalikuwepo, yamechapwa, yamo makabatini. Buibui naye alikuwepo kinamasini. Vilichelewa kukutana tu, karibu karne mbili.

Tusiwacheke Waingereza haraka. Sisi tulipokuwa wadogo, chochote chenye miguu minane na utando tulikiita buibui, tukakipiga ndala, tukamaliza. Neno lenyewe tumelibebesha mzigo: ni mdudu, ni vazi jeusi la akina mama wa pwani, na kwa wengine ni kila kinachotambaa darini. Ukitaka kumtenga huyu wa majini na wenzake inabidi ueleze kwa sentensi nzima.

Haya, tueleze. Buibui mvuvi hafumi utando wa kunasia. Anakaa ukingoni, miguu ya nyuma imeshika jani au bua la tete, miguu ya mbele ameilaza juu ya maji. Anasikiliza kwa miguu. Maji kwake ndio utando: mdudu akianguka huko akaanza kupapatika, vimawimbi vinatembea hadi kwenye nyayo za bwana mkubwa. Upepo nao unatikisa maji, lakini mtikisiko wake ni wa polepole, wa mdudu anayehangaika ni wa haraka haraka, na buibui anaujua upi ni upi. Hapo anatoka mbio juu ya maji bila kuzama, kwa kuwa ni mwepesi na mwili wake una manyoya yasiyoshika maji. Ukimtisha anazama kwa makusudi, anashuka akishikilia shina la jani, na ile hewa iliyonaswa kwenye manyoya inamfanya ang'ae kama aliyepakwa fedha.

Jike ndiye mkubwa zaidi. Kiwiliwili cha plantarius jike hufika milimita 23, na miguu ikitandazwa anajaa kiganjani. Ukimkuta na mayai kazi inakuwa rahisi kidogo. Wale buibui wakimbiaji wa nchi kavu, ambao mara nyingi huchanganywa naye, hubeba mfuko wa mayai nyuma, umening'inia mkiani. Huyu anaubeba mbele, ameuuma kwa taya. Mayai yakikaribia kuanguliwa anapanda juu ya majani karibu na maji, anafuma hema la utando, anautundika mfuko ndani, halafu anakaa nje kulinda. Hilo hema ndilo utando pekee mkubwa utakaomwona nao.

Lakini kumtenga plantarius na fimbriatus ni habari nyingine. Mistari ya ubavuni haisaidii: wote wawili wanayo, na katika aina zote mbili wapo wasiokuwa nayo kabisa. Inabidi umpate aliyekomaa na utazame viungo vya uzazi kwa hadubini, kwa jike chini ya tumbo, kwa dume kwenye vile vipapasio viwili vya mbele. Mtoto kwa sura hakupi jibu. Ndiyo maana aliyeangalia juu juu aliandika fimbriatus na roho yake ikatulia.

Na waandishi, jamani, hatukusaidia. Kiingereza kinamwita buibui huyu kwa jina la chelezo, yaani ile mbao au magogo yaliyofungwa pamoja ya kuelea majini. Vitabu vya karne ya 19 vilisimulia kwamba anakusanya majani makavu, anayafunga kwa uzi wake, anapanda juu, anasafiri ziwani kama nahodha akitafuta windo. Hadithi tamu kweli. Msomaji anaiona ile jahazi ya majani! Tatizo ni kwamba buibui hafanyi hivyo. Anaweza kukaa juu ya jani linaloelea, kama mimi ninavyoweza kukaa juu ya jiwe, lakini hajengi chombo. Mmoja aliandika, wa pili akanakili kwa yule, wa tatu akaongeza chumvi, na jina limebaki mpaka leo.

Upande wa pili, jambo la kweli lilionekana kama uongo. Mwaka 1905, huko Greytown katika Natal, Afrika Kusini, mchungaji mmoja aitwaye Nendick Abraham alikuwa kijitoni na wavu, akitafuta visamaki na wadudu wa kuweka kwenye tangi lake la kioo. Akaona buibui ukingoni, akamchukua naye, akamtia humo humo. Buibui akala samaki. Habari ikafika kwenye jarida la Nature mwaka 1913, na Abraham mwenyewe akaandika kwa kirefu miaka kumi baadaye katika jarida la makumbusho ya Natal, akataja na vyura. Kwa miaka mingi visa kama hivyo vilikaa vimetawanyika, kimoja huku, kingine kule, kama vituko vya wazee. Mwaka 2014 ndipo Martin Nyffeler wa Uswisi na Bradley Pusey wa Australia walipovikusanya pamoja: zaidi ya 80, kutoka kila bara isipokuwa Antaktika. Samaki wenyewe wengi walikuwa wa sentimita 2 hadi 6, na kwa kawaida samaki alimzidi buibui urefu mara mbili na zaidi. Sumu ndiyo inayomwezesha. Anauma karibu na kichwa, anasubiri, kisha anamvuta windo hadi pakavu ndipo aanze kula.

Yule wa mchungaji hakuwa Dolomedes. Alikuwa wa kundi linaloishi maisha hayo hayo hapa Afrika, nalo limeenea mpaka huku kwetu Afrika Mashariki. Ukifungua kitabu cha zamani utalikuta linaitwa Thalassius, jina alilolitoa Mfaransa Simon mwaka 1885. Usilitafute kwenye vitabu vipya. Mwaka 2011 Mjerumani Peter Jäger alionyesha kwamba mchungaji wa Kiingereza, Pickard-Cambridge, alikwishaliandika kundi hilo mwaka 1876 kutokana na buibui wa Misri, na alilipa jina la mto: Nilus. Sheria ni kwamba aliyetangulia ndiye mwenye jina. Kwa hiyo kwa zaidi ya miaka mia moja buibui wetu alibeba jina linalotokana na bahari, kumbe lake ni la Nili.

Turudi Redgrave, maana huko jina halikuwa suala la vitabu tu. Vidimbwi alimoishi plantarius vilikuwa mashimo ya watu. Karne nyingi wanavijiji walichimba udongo mweusi wa kinamasi, wakaukausha, wakautumia kama kuni. Mashimo yakajaa maji, buibui akahamia. Halafu, miaka michache tu baada ya Duffey kumtambua, maji ya chini ya ardhi yakaanza kuvutwa kwa pampu kutoka kisima kirefu kilichochimbwa jirani, kwa matumizi ya watu wa eneo hilo. Kinamasi kikaanza kukauka. Chemchemi zilizokuwa zikibubujika zikanyamaza, vichaka vikasogea, na kila kiangazi kikali vidimbwi vikageuka tope. Buibui akabakia kwenye vipande vichache.

Fikiria angekuwa bado anaitwa fimbriatus. Fimbriatus yupo sehemu nyingi za Uingereza. Nani angehangaika? Lakini huyu sasa alikuwa plantarius, na kwa zaidi ya miaka 30 Redgrave ilikuwa makao yake pekee yaliyojulikana nchini humo. Makao ya pili, Pevensey katika Sussex, yalijulikana mwaka 1988. Ya tatu, karibu na Swansea huko Wales, mwaka 2003. Akaingizwa kwenye orodha ya viumbe wanaolindwa na sheria ya mwaka 1981. Watu wakachimba vidimbwi vyake viende chini zaidi, wamfuate maji yanakokimbilia. Na mwaka 1999 kisima kikafungwa, kikahamishiwa mbali na kinamasi. Watu wa maji walihamishwa na buibui! Sijui nchi ngapi zingekubali.

Maji yakarudi. Buibui hakurudi kwa kasi hiyo. Alibaki palepale alipokuwa amebanwa, hasambai. Mtafiti Helen Smith, aliyekuwa amemfuatilia tangu miaka ya 1990, aliona kumsubiri hakutoshi. Akachukua watoto wa buibui akaanza kuwalea jikoni kwake. Kila mmoja alikaa kwenye kichupa chake, kwa sababu ukiwaweka pamoja wanalana. Maelfu ya vichupa, na kila kichupa kinahitaji kufunguliwa, kutiwa nzi wadogo wa matunda, kufungwa tena, kesho yake hivyo hivyo. Baadaye bustani za wanyama kadhaa zikasaidia kulea.

Vuli ya mwaka 2010 watoto wa kwanza walipelekwa Castle Marshes, Suffolk, wakamwagwa mmoja mmoja kwenye majani ya mitaro. Kuwahesabu buibui wenyewe ni shida, wanazama ukikaribia. Wanaohesabu hupita kiangazi wakitafuta yale mahema ya utando juu ya maji, na mama mmoja nje ya kila hema. Huko walikopelekwa, mahema yanaonekana.