Mutoto wa Roma na "watoto wakubwa" wa Elisabethville

Bandugu, muji wetu ulizaliwa mwaka 1910, ukaitwa Elisabethville. Mwaka 1911 Union Minière ikayeyusha hapa shaba yake ya kwanza. Miaka ileile, kule Roma, kampuni ya Cines ilikuwa inatoa filamu fupi za kuchekesha, zisizo na sauti. Katika zingine shujaa alikuwa mutoto: Eraldo Giunchi, mwana wa Lea Giunchi, mama aliyekuwa naye mwigizaji wa kuchekesha. Jina lake la sinema lilikuwa Cinessino, tuseme "ka-Cines".

Komedi ya namna hii inatumika hivi: mukubwa anajivuna, mutoto anamwiga na kumzunguka, kisha mukubwa njo anaanguka. Mwaka 1914 Cinessino aliigiza hata Fantômas, jambazi wa riwaya za Ufaransa ambaye polisi hawamuwezi. Watu wazima wa Ulaya walilipa pesa ili kumuona mutoto akicheza na mamlaka yao.

Sasa turudi kwetu. Wakoloni waliwaita babu zetu "watoto wakubwa". Mwaka 1945 sheria ya koloni ilikataza kuingiza kwenye sinema mtu asiye wa asili ya Ulaya ao Asia, ila kwa filamu zilizopitishwa na tume ya serikali. Baba mwenye bibi na watoto, aliyeshinda siku nzima mbele ya tanuru ya shaba, hakuwa na ruhusa ya kujichagulia filamu.

Juu ya nini? Mimi naona waliogopa kile kicheko. Kama mutoto wa Roma anamucheka mukubwa wake, yule anayeitwa mutoto hapa kwetu atamucheka nani?

Kwa hiyo Waafrika walitengenezewa komedi yao. Miaka ya 1950, kule Kasai, padri Albert Van Haelst alipiga filamu za Matamata na Pilipili, mumoja munene, mwingine mwembamba. Watu walicheka kweli, lakini aliyejikwaa alikuwa Mwafrika, na somo lilikuwa la misioni.

Kumbe kicheko hakikungoja ruhusa. Mwaka 1986 kundi la Mufwankolo lilicheza, kwa Kiswahili chetu cha Lubumbashi, mchezo juu ya mamlaka na wale wanaoyashika. Bandugu, mukisoma historia ya sinema, musiulize tu nani alikamata kamera. Muulize pia nani aliruhusiwa kumucheka nani.