Granville Austin, mwanahistoria wa Katiba ya India

Granville Austin (1927–2014) alikuwa mwanahistoria wa Kimarekani aliyejulikana kwa kuchunguza jambo moja: vipi India iliandika katiba yake, na vipi iliishi nayo baadaye. Alisoma Chuo cha Dartmouth kwao Marekani, kisha akapata shahada ya udaktari Oxford, Uingereza. Aliwahi kufanya kazi katika serikali ya nchi yake, na baadaye akawa mtafiti wa kujitegemea. Vitabu vyake vikubwa ni viwili tu, na kati ya cha kwanza na cha pili ilipita miaka 33.

Cha kwanza, *The Indian Constitution: Cornerstone of a Nation*, kilitoka 1966. Kinasimulia kazi ya Bunge la Katiba lililokaa mara ya kwanza tarehe 9 Disemba 1946, likapitisha katiba tarehe 26 Novemba 1949, nayo ikaanza kutumika tarehe 26 Januari 1950 ikiwa na vifungu 395. Austin hakutosheka na kumbukumbu rasmi za vikao. Aliwafuata wajumbe waliokuwa bado hai akawahoji, akapitia na karatasi za watu kama Rajendra Prasad na K. M. Munshi. Msomaji aliyepita madrasa ataelewa thamani ya kazi hii: habari huchukuliwa kwa aliyekuwepo, kisha hupimwa kwa maandishi.

Alichokigundua ni kwamba nyuma ya wajumbe wote wale walikuwepo wanne wenye uzito kuliko wengine: Nehru, Patel, Prasad na Maulana Abul Kalam Azad, mwanachuoni aliyezaliwa Makka mwaka 1888. Lakini wanne hao, kwa maelezo ya Austin, hawakupenda kushinda kwa wingi wa kura peke yake. Walizungumza mpaka watu wakubaliane. Pale waliposhindwa kukubaliana, Austin hakuficha. Suala la lugha aliliandikia mlango mzima, akayaita maafikiano yake ya shingo upande: Kihindi kiwe lugha rasmi, na Kiingereza kiendelee kwa miaka 15. Azad alikuwa upande wa Kihindustani, nao upande huo ulishindwa.

Kwa Waislamu, sehemu inayofaa kusomwa kwa utulivu ni ile ya haki za msingi na miongozo ya dola, ambazo Austin aliziita dhamira ya katiba. Haki za msingi mtu anaweza kuzidai mahakamani. Miongoni mwake ni uhuru wa dini katika kifungu cha 25, na haki ya makundi madogo kuanzisha na kuendesha skuli zao katika kifungu cha 30. Miongozo ni malengo ya serikali, na kifungu cha 37 chasema wazi kwamba mahakama haiwezi kuilazimisha. Huko kwenye miongozo ndiko kilikowekwa kifungu cha 44, kinachoitaka dola ijitahidi kuwa na sheria moja ya kiraia kwa raia wote, maana yake ndoa, talaka na mirathi.

Husikika watu wakisema katiba ya India ilifuta sheria za Kiislamu za familia. Si kweli. Tarehe 23 Novemba 1948 wajumbe Waislamu, akiwemo Mohamad Ismail wa Madras, walipendekeza sheria za watu binafsi zisiguswe. Pendekezo lao lilikataliwa. Hata hivyo Ambedkar, mwenyekiti wa kamati ya uandishi, aliwajibu kwamba dola inapewa uwezo tu, hailazimishwi kuutumia, na kwamba bunge la baadaye laweza kuanza na wale wanaoridhia wenyewe. Anayetaka kujadili kifungu hicho leo, na mjadala bado ni mkali, aanze na siku hiyo.

Kitabu cha pili, *Working a Democratic Constitution*, kilitoka 1999. Humo Austin anaieleza katiba kama ukili wa miyaa mitatu: umoja wa nchi, demokrasia na mapinduzi ya kijamii. Ukichomoa mmoja, wote hulegea. Anaeleza vuta nikuvute baina ya bunge na mahakama, ikiwemo kesi ya Kesavananda Bharati ya 1973, ambapo majaji 13 waligawanyika 7 kwa 6 na kuamua kwamba bunge haliwezi kubadilisha muundo wa msingi wa katiba. Kisha anafika kwenye hali ya hatari ya Indira Gandhi, kuanzia Juni 1975 hadi Machi 1977, wapinzani walipowekwa ndani na magazeti kufungwa mdomo.

Serikali ya India ilimtunuku nishani ya Padma Shri mwaka 2011, na majaji wa Mahakama Kuu ya nchi hiyo wamemnukuu katika hukumu zao.

Wapo waliomkosoa, na kwa maoni yangu wana hoja: aliwatazama mno wakubwa. Rohit De, katika kitabu cha 2018, amewatazama watu wa kawaida waliopeleka kesi mahakamani, wakiwemo wachinjaji Waislamu waliopinga marufuku ya kuchinja ng'ombe. Mwaka 1958 mahakama iliikubali marufuku ya ng'ombe jike na ndama, lakini ikakataa kuzuia kuchinjwa kwa madume na nyati wa kufugwa waliokwisha kazi.