Njwiywila: Mnong'ono Uliozaa Vita

Vijana wenzangu wa kalamu, tuambizane ukweli. Siku hizi kila ukifungua hadithi ya mmoja wetu unakuta chama cha siri: majoho meusi, pete, na mzee anayetamka neno moja tu ukuta unafunguka. Hata mimi ninalo daftari zima la riwaya ya namna hiyo, kundi la watu wanaogeuza dunia kwa sauti. Limekwama sura ya nne. Limekwamishwa na historia, maana nimekuta jambo lenyewe lilishatokea hapa hapa nchini, tena kubwa kuliko daftari langu.

Lilikuwa na jina: njwiywila. Ni neno la Wamatumbi, watu wa vilima vya kusini mwa Rufiji, bara ya Kilwa. Ni mnong'ono, habari inayopita chini chini. Mwaka 1904 huko Ngarambe, Kinjikitile Ngwale alipandwa na pepo aitwaye Hongo. Inasimuliwa kwamba alizama kwenye kina cha mto, na kesho yake akatoka nguo zikiwa kavu.

Shuleni tulifundishwa maji. Maji, mafuta ya mbarika na mbegu za mtama. Ukiyapata, risasi ya Mjerumani inageuka maji. Sawa. Lakini kabla mtu hajaonja tone, ilibidi kwanza aambiwe, na kuambiwa kwenyewe ndiko kulikokuwa kazi. Haikupigwa ngoma wala mbiu. Shemeji alimvuta shemeji pembeni, akamnong'oneza, akamsisitiza afunge mdomo, akida asisikie. Kisha watu wakafunga safari ukoo kwa ukoo kwenda Ngarambe. Akiuliza mtu, kwani kwenda kwa mganga ni kosa?

Sasa hebu pima. Wamatumbi hawakuwa na mfalme. Kila ukoo na mambo yake. Serikali ya Kijerumani ilikuwa imewaletea kodi, kiboko na mashamba ya pamba ya lazima, na kila mmoja aliugulia kwake. Mnong'ono ukapita, na watu ambao hawajawahi kukaa baraza moja wakawa na neno moja mdomoni. Hapo hakuna ukuta uliofunguka. Kilichogeuka ni watu.

Utaniuliza: kijana wa Samunge, huku Loliondo karibu na mpaka wa Kenya, Ngarambe inakuhusu nini? Inanihusu kwa sababu nimeona kwa macho neno likifanya kazi. Mwaka 2011 nilikuwa shule ya msingi. Mchungaji mstaafu wa Kilutheri, Ambilikile Mwasapile, yule Babu, alikuwa akitoa kikombe cha dawa ya mti wa mugariga kwa shilingi 500. Jamani, barabara yetu ya vumbi! Foleni ya magari ilitajwa kufika kilometa 26. Mawaziri walikuja wakanywa. Mwishoni mwa Machi ikabidi Babu mwenyewe aombe watu wasije mpaka tarehe 1 Aprili, waliopo wapungue kwanza. Na sharti lilikuwa moja: unywe pale pale, kutoka mkononi mwake. Ukiibeba nyumbani haina kitu. Mti umejaa porini, mbuzi wanapita chini yake kila siku, lakini watu walisafiri siku tatu kuufuata kwa sababu mtu fulani aliwapigia simu akasema shangazi kapona.

Wengine walifia kwenye foleni. Wengine waliacha dawa za VVU kwa sababu ya kikombe, wakafa baadaye makwao. Babu naye alifariki tarehe 30 Julai 2021. Huku kwetu bado watu wanabishana, na mimi sikai upande wa wanaocheka. Mgonjwa aliyekata tamaa akisikia neno la matumaini, atalifuata tu.

Ila la Samunge lilikuwa kelele tupu, redio na simu. La Ngarambe lilikuwa na nidhamu, na hapo ndipo penye nyama ya riwaya. Kinjikitile aliwaambia: msianze mpaka nitoe amri. Watu wakarudi vijijini wakangoja. Wana maji, wana mikuki na magobori, wamefanya mazoezi, wanangoja sauti ya mtu mmoja. Amri haikuja. Mwisho wa Julai 1905 Wamatumbi wa Nandete walichoka kungoja, wakaingia shambani wakang'oa pamba. Mche wa pamba ndio uliotangaza vita badala ya mganga.

Tangu hapo mnong'ono ukawa ukelele: Maji! Maji! Tarehe 30 Agosti 1905, mbele ya boma la Mahenge, watu waliupiga wakizikabili bunduki mbili za rashasha. Risasi haina masikio. Mpaka vita vinazimwa mwaka 1907, Wajerumani wenyewe walihesabu waliokufa kuwa 75,000; mwanahistoria Gilbert Gwassa alikadiria kati ya 250,000 na 300,000. Wengi waliuawa na njaa, kwa kuwa serikali ilichoma mashamba na maghala.

Wapo wanaomwita Kinjikitile tapeli. Sikubali. Tapeli hawezi kuwafanya maelfu watunze siri moja kwa mwaka mzima mbele ya pua ya akida. Wala sikubali wanaomweka ukutani kama picha ya shujaa na kuzisahau zile maiti za Mahenge. Ebrahim Hussein, katika tamthiliya yake Kinjeketile ya mwaka 1969, alihangaika na neno kuliko maji, na nadhani alilenga.

Kinjikitile hakuiona Mahenge. Alinyongwa Mohoro tarehe 4 Agosti 1905. Inaelezwa kwamba kabla ya kufa aliwaambia wanaomnyonga kuwa haina haja tena, dawa imekwisha fika Kilosa na Mahenge. Siku 26 baadaye watu walikuwa mbele ya boma.